Mchanga Mbichi Chini ya Mtungi

Tabora, Januari 1957. Huu ni mwaka wa arobaini na moja tangu nilipoondoka Pangani.

Mwanangu Chiku,

Leo alasiri, ulipokuwa unakunja kanga zako, uliniuliza tena. "Baba, twende wote. Hata kwa mwezi mmoja tu. Shangazi anakungoja, na hao kaa wetu tuwarudishe kwao baharini." Nikasema nitakujibu kesho stesheni. Ukacheka, ukasema, "Baba, wewe na kesho yako!" Nami nikacheka. Lakini ulipokwenda kuaga majirani nilijua kwamba stesheni sitajibu neno. Kutakuwa na watu wengi, kengele itapigwa, mjomba wako Maganga atakuwa anagombana na wapagazi juu ya sanduku lako, nami nitasema "Haya, fika salama," kama ninavyomwambia mteja aliyenunua ndoo. Kwa hiyo nimekaa hapa ukumbini kabla jua halijazama, nakuandikia. Barua nitaitia ndani ya kikapu cha chakula. Isome gari likishaondoka.

Habari za kufunga sanduku, za kutonunua vyakula dirishani, za kuwaheshimu walimu wako wa uuguzi huko Tanga na za kuleta barua kila mwezi, umekwisha kuambiwa na mama yako mdogo na nusu ya wanawake wa mtaa wetu wa Chemchem. Sina la kuongeza. Nataka kukuandikia habari za kaa, maana siwezi kulifikia jibu langu kwa njia nyingine.

Unawajua tangu hujaanza kusoma, lakini hukujua walivyofika kwetu. Kwetu Pangani kaa hawa walikuwa mchezo wa watoto. Hawana gamba la nyuma kama kaa wengine. Wanaazima makome ya konokono waliokufa, wanayavaa na kutembea nayo, kome likiwabana wanatafuta jingine. Tulikuwa tukiwashindanisha mchangani, kila mtoto na wake. Dada yangu, huyo shangazi yako, alikuwa akishinda kila mara, kwa sababu alimweka kaa wake kivulini kwanza, akamlowanisha, wakati sisi tulikuwa tumewashika wetu juani tukipiga kelele. Nilimwona akifanya hivyo na sikujifunza. Ningejifunza siku zile, kaa wengi wangepona.

Wajerumani waliponichukua upagazi wakati wa vita vya kwanza, ndevu zangu zilikuwa hazijaota. Tulitembea na mizigo mpaka tukaikuta reli, kisha mara kwa reli, mara kwa miguu, tukafuata njia ile ya zamani ya misafara hadi Tabora. Wazee wa huku walikuwa wakiisimulia njia hiyo kwa fahari: waliteremka pwani na pembe za ndovu, wakarudi na nguo na majina mapya. Mimi niliipita kinyume chao, nikiwa na masanduku ya risasi kichwani, na sikurudi na kitu. Nilishikwa na tumbo la kuhara, nikaachwa katika banda la wagonjwa. Wabelgiji walipoingia mjini, wale walionileta walikuwa wamekwisha kukimbia. Hapakuwa na mtu wa kuniambia nirudi kwetu, wala wa kunizuia. Mzee mmoja wa Kimanyema, fundi bati, akanichukua akanifundisha kazi yake. Nikasema nitakaa mpaka kiangazi kijacho. Kikaja, nikasema kingine. Kisha nikamwona mama yako akija kununua koroboi, na viangazi vikaacha kunihangaisha kwa miaka mingi.

Ulikuwa na umri wa miaka minne hivi uliponiuliza bahari ni nini. Nikakuambia ni maji mengi. "Kama bwawa?" Zaidi. "Kama mvua ikinyesha bwawani?" Nikaona sina cha kukuonyesha. Siku hizo Hemedi, gadi wa gari la moshi, mtu wa Tanga, alikuwa akishinda kwetu kila gari lake lilipopumzika Tabora. Nikamwomba aniletee kaa wa kome kutoka Dar es Salaam.

"Fundi," akasema, "watu wananiagiza nazi, wananiagiza papa. Wewe unaniagiza wadudu?"

"Niletee tu."

"Nikiulizwa na mkubwa wangu hawa ni nini?"

"Mwambie ni abiria, wana tiketi."

Akawaleta ndani ya pakacha lililofunikwa kwa majani mabichi. Ulipiga ukelele wa furaha uliosikika hadi msikitini.

Wakati ule kazi yangu kubwa ilikuwa kutengeneza makabati ya wavu ya kuhifadhia nyama kwa nyumba za maofisa na wafanyabiashara. Kabati zuri la nyama ni lile linalopitisha upepo pande zote, ili nyama isitoe jasho. Nilikuwa nikisifiwa kwa makabati hayo. Basi kaa nao nikawatengenezea kabati zuri kuliko yote niliyowahi kutengeneza: wavu pande nne, miguu imesimama ndani ya vikopo vya maji kuzuia siafu, na ndani kisahani cha bati nilichokilehemu kwa mkono wangu. Nikaliweka barazani, upepo wa Agosti ulikopita.

Mjomba wako Maganga alikuja kutoka Usoke na gunia la karanga, akachuchumaa mbele ya kabati. Akatazama kwa muda mrefu.

"Shemeji," akasema, "huku kwetu mtu akifuga, anafuga ng'ombe. Wewe umefuga nini? Konokono aliyeota miguu?"

Mama yako alicheka mpaka akashika ukuta. "Mwache kaka. Huyu ni mtu wa pwani. Ng'ombe akimtazama tu, anamwamkia shikamoo."

Siku za kwanza kaa walipanda wavuni na kushuka, makome yao yakigonga waya. Kisha wakapunguza. Kisha wakajikunja ndani, wakafunga mlango kwa gando lile kubwa. Asubuhi moja nikamkuta mmoja ametoka kabisa ndani ya kome lake, amelala kando uchi, jambo ambalo kaa huyu hafanyi akiwa mzima. Nyumba ikanuka samaki. Nikadhani wana njaa, nikawaongezea nazi. Nikadhani wanaona joto, nikalisogeza kabati mahali penye upepo zaidi.

Nilikuwa mtu wa kusoma, unanijua. Hakuna gazeti lililofika Tabora nisilolisoma, hata kama limekwisha fungiwa vitumbua. Niliazima vitabu vya wanyama kwa walimu, nikamwuliza kila aliyevuka bahari. Hakuna kitabu kilichonieleza jambo hili dogo ambalo sasa nalijua vizuri: kaa huyu anaishi nchi kavu, lakini anavuta pumzi kwa matamvua, kama samaki. Matamvua lazima yawe na unyevu. Yakikauka, anakosa pumzi katikati ya upepo. Kisahani cha maji pekee hakimtoshi. Hewa yenyewe anayoivuta iwe na maji ndani yake. Na hewa ya Tabora ya Agosti, mwanangu, inapasua midomo ya watu.

Mama yako hakupata kuiona bahari. Alimchukua wa mwisho aliyekuwa bado anasogea, akamweka kiganjani, akasema, "Huyu ana kiu ya ngozi." Akaenda naye uani, kwenye mtungi mkubwa wa maji ya kunywa, akamweka juu ya mchanga mbichi uliokuwa chini yake. Mtungi wa udongo hutoa jasho siku nzima, na mchanga ule haukauki hata Oktoba. Kesho yake asubuhi tulimtafuta tukamkosa. Kumbe alikuwa amechimba chini ya mtungi, gando la zambarau tu likionekana, kama mtu aliyefunga mlango akaacha kidole nje. Wewe ukampa jina Karani, kwa sababu ya maandishi aliyoyaacha mchangani.

Ndipo tulipojenga kile ulichokiita nyumba ya kaa: matofali kuuzunguka mtungi, mchanga wa kina kirefu, vioo vya taa nilivyoviunga kuwa kifuniko, gunia lililoloweshwa likining'inia upande wa jua. Hemedi akamletea Karani wenzake wengine. Kabati la wavu nililivunja nikauza waya. Kisahani cha bati nacho kilikuwa kimeota unga mweupe, kwa maana chumvi niliyotia majini ilikuwa inakila na kaa walikuwa wanaunywa unga huo. Nikakitupa, nikanunua vigae vya udongo sokoni kwa wanawake wa kijijini. Fundi bati anayenunua udongo. Maganga alilisimulia jambo hilo Usoke nzima.

Unakumbuka nilivyokufundisha kuufinya mchanga? Ukishikamana mkononi bila kutoa tone, unatosha. Ukitoa maji, umezidisha, nao wataoza. Kioo kiwe na ukungu mwepesi. Maji ya bomba yana dawa; yalale kwanza ndani ya chungu kilicho wazi. Ulikuwa ukirudi kutoka shule, kabla ya kunisalimia, unakwenda kutazama kioo. Nilikuwa nakusikia ukisema peke yako uani, "Ukungu upo," kisha ndiyo unakuja: "Shikamoo baba."

Wanahitaji pia maji ya chumvi, kigae kimoja cha maji baridi na kimoja cha chumvi. Chumvi nilinunua ya Uvinza, ile inayoletwa kwa magunia. Kipimo sikuwa nacho, ila ulimi wangu. Nilikuwa naonja, natia, naonja tena, mpaka nikasema: ndiyo hii, hii ndiyo bahari. Kaa walikuwa wakikizunguka kigae hicho kama watu wanaokwepa mbwa. Nikawaona wakaidi.

Siku moja Hemedi alichovya kidole akaonja. Alitema hadi kofia ikamwanguka.

"Fundi! Haya maji unakaushia ngozi?"

"Ndiyo bahari hiyo. Umeshasahau kwenu?"

"Mimi nimeoga baharini Jumanne iliyopita. Wewe umeoga lini?"

Safari iliyofuata akaniletea maji ya bahari ndani ya chupa ya mvinyo, imezibwa kwa kitambaa. Nilingoja aondoke. Nikaingia chumbani, nikarudisha mlango, nikaonja. Chiku, yalikuwa mepesi. Baada ya yale yangu, yalikuwa karibu matamu. Kwa miaka yote ile nilikuwa nimeikumbuka bahari, na kila mwaka nilikuwa nimeizidishia chumvi kidogo bila kujua. Nilikaa kitandani na ile chupa mpaka mama yako akaja kuuliza kama naumwa. Nikamwambia hapana. Nikachanganya upya, nusu ya chumvi ile, hata chini ya nusu, nikafuata chupa na si ulimi. Jioni hiyo Karani akaingia ndani ya kigae mzima mzima, akajaza kome lake maji, akaenda zake.

Kosa langu lililokuliza wewe ni lile la mwenzake Karani, yule mwekundu uliyemwita Bibi Harusi. Alizama mchangani hakutoka. Wiki zikapita. Nilikuwa nimekwisha kuona vifo vingi mno katika lile kabati, na pua yangu ikaanza kusikia harufu ambayo haikuwapo. Sisi hatumwachi maiti ndani ya nyumba. Akifa mtu asubuhi, alasiri amezikwa. Nikasema nitamtoa, nisiwaache wengine waambukizwe. Ukanishika mkono. "Baba, amelala." Nikakuambia wewe mtoto hujui kifo. Nikafukua. Nilimkuta katika kijumba alichojichimbia, amevua gamba lake lote, laini, mweupe kama kiini cha dafu, macho yakiwa wazi. Alikuwa anajivisha gamba jipya. Nilimrudishia mchanga haraka, lakini kijumba kilikuwa kimebomoka, na kesho yake wenzake walikuwa wamemfikia. Hukunilaumu. Ulisema tu, "Alikuwa karibu kumaliza." Tangu siku ile hakuna mkono ulioingia katika mchanga ule bila ruhusa yako, hata mkono wangu.

Na baada ya hapo, kiangazi cha pili, mama yako akatutoka.

Sijawahi kukueleza siku zile upande wangu zilikuwaje. Ulinyamaza. Ulikuwa unakula ukipewa, unakwenda shule, unarudi, lakini neno hulisemi. Usiku ulikuwa unatandika mkeka wako uani karibu na mtungi. Watu wakaja na maneno yao. Mama yako mdogo alitaka ukalale kwake Kitete. Jirani akasema usomewe. Maganga, ambaye mzaha ulikuwa umemkauka mdomoni, alitaka akupeleke Usoke ukae na binamu zako. "Shemeji, mtoto haachwi hivi. Mtoe humo alimoingia." Nami nilikuwa karibu kukubali. Nilisimama mlangoni nikakutazama umejikunja na kanga ya mama yako, nikanyoosha mkono nikuinue, nikamkumbuka Bibi Harusi. Nikaurudisha mkono.

Nilichofanya ni kuuweka mtungi umejaa. Hicho tu. Kila alfajiri nilichota maji, nikajaza, nikalowesha gunia, nikafuta kioo, nikapita kando yako kimya. Sikujua kama nafanya sawa. Hata leo sijui. Labda ulikuwa unamhitaji mtu wa kukushika, na mimi nikakuacha kwa sababu ya kaa mmoja. Kama ni hivyo, sina wa kumsingizia. Lakini ilifika asubuhi, mvua za kwanza zilikuwa zimeanza, ukasimama nyuma yangu ukasema, "Baba, mtungi umepungua." Nikasema, "Nitajaza." Nikatoka na ndoo, nikapita kisima, nikaenda mpaka kwenye miyombo nyuma ya reli, ambako hakuna mtu wa kuniona nikilia.

Sasa nifike kwenye safari yangu, ile ambayo mji mzima unaitania.

Ulikuwa bwenini. Shangazi yako alikuwa ameniletea salamu kwa Hemedi: macho yanafifia, anataka kuniona kabla hayajafungwa. Nikafunga karakana. Kaa niliwatia ndani ya chungu chenye mchanga mbichi, nikafunika kwa gunia lililoloweshwa, nikapanda gari kwenda pwani. Ilikuwa Septemba. Ulishauona Ugogo kwa dirisha la gari wakati wa Septemba? Kesho utauona ukiwa wa kijani, na hutaamini. Ilikuwa vumbi tupu na upepo wa moto. Gunia lilikuwa linakauka kabla sijamaliza kulilowesha. Nikamwaga maji yangu ya kunywa. Nikamwaga na chai. Tulipofika Itigi nikashuka na chungu changu.

Hemedi alinikimbilia na bendera mkononi. "Fundi, panda! Unafanya nini?"

"Watakufa kabla ya Dodoma."

"Nitawamwagia maji mimi mwenyewe. Birika langu lote!"

"Hayatatosha."

"Basi wafe! Dada yako amekwisha kupika!" Watu walikuwa wanachungulia madirishani. Akanisogelea akasema polepole, "Haya, baki. Lakini usiwasingizie wadudu."

Alipuliza filimbi, gari likaondoka. Nilirudi kwa gari la kesho yake. Maganga alinipokea kwa wimbo aliotunga papo hapo juu ya mtu wa pwani aliyerudishwa na kaa. Nilicheka kama wengine. Imenifaa miaka yote hii hadithi hiyo; kila aliyeniuliza kwa nini siendi kwetu, nilimpa.

Pale Itigi, mwanangu, kuna bomba kubwa linalojaza injini maji. Nilisimama hatua chache tu kutoka hapo, linamwaga maji chini kama mvua. Ningeweza kulowesha magunia kumi. Nililitazama mpaka gari lilipokwisha kuondoka. Kaa hawakuwa na shida yoyote. Mimi ndiye niliyekuwa sipati pumzi, na kadiri gari lilivyokuwa likisogea mashariki, ndivyo pumzi zilivyokuwa zikinipungua.

Nimejaribu tangu siku ile kulieleza jambo hilo kwa akili. Nikasema ni woga, na woga ulikuwapo. Shangazi yako anamngoja mvulana anayeshindanisha kaa. Ningefika mimi, mtu mwenye mvi, nisemaye Kiswahili cha Tabora, niliyekwisha kusahau hata chumvi ya maji ya kwetu. Angenishika uso kwa mikono yake, kwa kuwa haoni, angetafuta, asimkute. Nami ningetafuta nyumba ya baba yangu, ambayo najua imebomolewa, na ningewaamkia watu barabarani wasiojua jina langu. Hapa ninapita sokoni naitwa kutoka pande zote. Mama yako yuko hapa, na Ijumaa nikimaliza kumsomea nasafisha majani. Yote hayo ni kweli. Lakini nikiyapanga yote pamoja, bado hayatoshi kueleza mtu aliyesimama kando ya bomba linalomwaga maji. Kwa hiyo nimeacha kueleza.

Mwaka huu sina kisingizio. Hemedi alipita juzi, amezeeka, bado ananitazama kwa jicho lile la Itigi. Anasema mvua imenyesha tangu Morogoro mpaka hapa, madirisha ya gari yanatoka jasho, na mabehewa yananuka nguo mbichi. Hakuna hali ya hewa bora kwa kaa kusafiri. Wachukue. Wako watatu, na chungu kiko tayari chini ya benchi, nimekifunga kwa kamba ya katani. Utamwona Karani amevaa kome jipya. Makome ya bahari tuliyokuwa nayo yalimbana, naye akaingia katika gamba la konokono wa shambani niliyemwokota huku Chemchem, kahawia lenye mistari. Atafika pwani amevaa vazi la Tabora, na sidhani kama litamsumbua. Usinifananishe naye. Kaa hubadili nyumba mara nyingi katika maisha yake. Ni kazi yake.

Usiwamwagie maji mengi kwa sababu tu unawaonea huruma. Ufinye mchanga kwanza. Ukifika, usiwatupe baharini. Wanazama kama mimi na wewe. Waweke juu ya mstari wa mawimbi, penye majani na kivuli, jua likipungua, uondoke. Wataingia mchangani wenyewe. Hutawaona wakiingia, na usingoje.

Wewe mwenyewe utakapozama mahali kwa muda, kazini au katika ndoa au katika huzuni nyingine, maana zitakuja, nitajitahidi nisifukue. Barua zikichelewa nitajua uko unaota gamba. Lakini mimi ni baba yako, na nimekwisha kukosea hivyo mara moja nikidhani ndiko kupenda, kwa hiyo ukiona barua zangu zinafuatana zinauliza kwa nini huandiki, zisamehe tu, huna haja ya kuzijibu zote.

Jua limekwisha zama, nawasikia mnarudi, Maganga anakutania kwamba huko Tanga utaolewa na mvuvi na kunuka dagaa. Unacheka vizuri. Sikuwa na hakika, wakati ule wa mkeka uani, kama nitakisikia tena kicheko hicho ndani ya nyumba hii, na sasa nakipeleka stesheni kwa miguu yangu.

Shangazi yako ataniulizia. Atakushika uso kwanza, mwache akushike. Atakuuliza kama nakuja kiangazi hiki. Usimwambie "labda," usimwambie nina kazi nyingi, wala usimsimulie kisa cha kaa. Nimewachekesha watu nacho vya kutosha, na yeye hastahili kupewa kichekesho. Mpe salamu zangu, umwambie nilikuwa namwona siku zile akimlowanisha kaa wake kivulini. Kisha mwambie kweli, kwa sauti ya upole, kama nilivyopaswa kumwambia mwenyewe tangu zamani: mimi sitarudi Pangani.